Pamba Masikioni: Je, Tuna Haki ya Kumtisha Mtoto kwa Uongo?



Ndugu msomaji, kama ulisoma shule ya msingi ya bweni hapa Uganda, sina haja ya kukueleza Kalabanda ni nani. Kwa wenzetu waliotoka Mombasa, Tanga, Bukavu na kwingineko, waliofika Kampala wakiwa tayari watu wazima, niseme kwa ufupi: Kalabanda ni dubwana la usiku. Anazunguka mabweni baada ya taa kuzimwa na kumchukua mtoto aliyetoka kitandani. Ana sura gani? Hapo kila shule ina jibu lake. Kwetu alikuwa hana kichwa. Binamu yangu, shule ya pili tu kutoka kwetu, aliapa kwamba kichwa anacho, tena kikubwa. Aliyemwona hakuna.

Nilipelekwa bweni nikiwa na miaka minane. Matroni wetu alikuwa mama mmoja mwenye watoto zaidi ya sitini wa kuwaangalia peke yake, na leo naelewa kwamba alikuwa amechoka kwa kiasi ambacho sisi tusingeweza kukijua. Kila usiku, akizima taa, alisema maneno yale yale: atakayeshuka kitandani asije kulia kwangu, Kalabanda yuko nje. Basi hakuna aliyeshuka. Choo kilikuwa ng'ambo ya uwanja. Mwenzangu aliyelala kitanda cha chini alikojoa kitandani karibu muhula mzima, na kila asubuhi alilibeba godoro lake kwenda kulianika mbele ya mstari wa wanafunzi. Tulimcheka. Nilimcheka na mimi, ambaye nilikuwa nimebana mkojo usiku kucha nikisubiri adhana ya Alfajiri, kwa sababu tuliambiana kwamba adhana ikisikika Kalabanda hukimbia.

Yote hayo niliyasahau, au nilidhani nimeyasahau, mpaka wenzangu hosteli waliponionyesha filamu fupi ya katuni iliyotengenezwa hapa hapa Kampala. Inaitwa A Kalabanda Ate My Homework. Ni ya mwaka 2017, na mwongozaji wake ni Raymond Malinga wa studio ya Creatures. Jina lenyewe linatoa kisa: Kalabanda amekula kazi ya nyumbani ya mwanafunzi. Ni kichekesho, na kinachekesha kweli, hasa kwa sababu kimepindua mambo. Kwa miaka yote Kalabanda alikuwa uongo wa wakubwa kwa watoto. Safari hii mtoto ndiye anayemtoa Kalabanda mbele ya wakubwa kama udhuru wake. Chumba kizima tulicheka. Usiku, nikiwa kitandani, nikaliona godoro la yule mwenzangu likipita mbele ya mstari, na sikucheka tena.

Tangu hapo nimekuwa nikitafuta filamu za katuni za aina nyingine, zile ambazo hazikutengenezwa ili watoto wacheke bali ili watu wazima wakumbuke. Ni fupi, dakika tano, dakika saba. Mara nyingi hazina mwanzo wala mwisho ulio wazi, na ukimaliza kuzitazama unabaki na kitu kimekukaa kifuani bila kujua kimeingia saa ngapi. Iliyonigusa zaidi ni ya Mkenya, Ng'endo Mukii, iitwayo Yellow Fever, ya mwaka 2012, aliyoitengeneza alipokuwa akisoma Royal College of Art, London. (Jina hilo lilitangulia kuwa la wimbo wa Fela Kuti wa mwaka 1976, uliowasema vikali wanaojichubua.) Mukii naye anazungumzia mkorogo, lakini haanzi kwa kusema vikali. Anaanza na kumbukumbu ya utotoni: saluni, nywele zinasukwa, na mtoto anaitazama ngozi ya mwanamke anayemsuka, ngozi iliyochubuliwa. Baadaye tunamsikia mpwa wake mdogo akieleza kwa furaha kabisa, kama mtoto anavyoeleza anachotaka sikukuu, kwamba angekuwa na uwezo wa kimiujiza angejifanya mweupe. Mtoto hana huzuni. Huzuni ni ya kwako wewe unayesikiliza.

Filamu hiyo inachanganya michoro ya mkono na miili ya watu halisi iliyopigwa picha moja moja na kusogezwa kidogo kidogo, kiasi kwamba mtu anatembea lakini si kama watu wanavyotembea. Nimefikiri sana kwa nini jambo hilo linatia wasiwasi, na nadhani ni kwa sababu kumbukumbu za utotoni ndivyo zilivyo. Huoni tukio zima. Unaona mkono. Unaona godoro. Unasikia sauti bila uso.

Hapa inafaa tujue kazi ya katuni ni kazi gani. Filamu hupita kwa picha 24 kila sekunde. Mchoraji anayeipunguza kazi yake huchora 12 na kuonyesha kila mmoja mara mbili. Kwa hesabu hiyo, dakika saba ni michoro 5,040. Maana yake ni kwamba mtu anayechora kumbukumbu yake ya sekunde moja, labda jinsi matroni alivyogeuza shingo mlangoni, anakaa na sekunde hiyo siku nzima, au mbili. Sisi tunafundishwa muhasaba, mtu kuihesabu nafsi yake kabla hajahesabiwa, na wengi wetu tunaufanya kwa dakika mbili kabla ya usingizi kutuchukua. Sisemi wachoraji hawa wanafanya ibada. Nasema tu kwamba wanakaa na jambo dogo kwa muda ambao sisi hatukai.

Najua tayari kuna msomaji ameinua kidole kuhusu taswira. Hadithi za onyo kwa wachoraji tumezisoma sote, ikiwemo ile kwamba Siku ya Kiyama wataambiwa wavitie uhai walivyoviumba. Na bahati mbaya, neno ambalo wataalamu wa Kiswahili wameitafsiria kazi hii ni "uhuishaji", yaani kutia uhai! Waliolichagua sidhani kama walikuwa wakiifikiria hadithi hiyo. Lakini tumesoma pia kwamba Bibi Aisha (r.a.) alikuwa na wanasesere wake, na miongoni mwao farasi mwenye mabawa ya vitambaa, na Mtume (s.a.w.) alipomwuliza kuhusu farasi mwenye mabawa, akajibu kwamba farasi wa Nabii Sulaiman walikuwa na mabawa, naye akacheka mpaka magego yakaonekana. Kwa dalili hiyo wanazuoni wengi wameruhusu vya kuchezea watoto, na wapo wa zama hizi waliopanua ruhusa hiyo kwa mafunzo. Mjadala huo uendelee katika darasa lake. Swali langu liko kwingine.

Swali langu ni hili: je, ni halali kumtia mtoto hofu ya kitu ambacho wewe unajua hakipo, kwa sababu hofu hiyo inakurahisishia kazi?

Jibu la haraka ni kwamba hofu ni malezi, na dini yenyewe inatuogofya. Qur'ani inataja Moto, inataja Siku ambayo watoto watageuka kuwa na mvi. Kweli. Lakini maonyo ya Qur'ani ni habari ya kweli, na aliyeonywa ameonyeshwa na njia ya kuokoka. Kalabanda hana toba. Huwezi kumwomba msamaha, huwezi kumridhisha, unachoweza ni kukaa kitandani na kibofu kilichojaa. Isitoshe, tuna hadithi mbili katika Sunan ya Abu Dawud ambazo naona zinafunga mlango. Ya kwanza ni ya Abdullah bin Amir. Alipokuwa mdogo mama yake alimwita aje ampe kitu, Mtume (s.a.w.) akiwa nyumbani kwao. Akamwuliza mama alikusudia kumpa nini. Tende, akasema. Mtume akamwambia kwamba lau asingempa kitu, ungeandikwa juu yake kuwa ni uongo. Tende moja! Ya pili ni ya masahaba waliokuwa safarini. Mmoja alilala, wengine wakaichukua kamba yake kwa mzaha, naye akashtuka. Mtume akawafahamisha kwamba si halali kwa Mwislamu kumtisha Mwislamu mwenzake. Huyo ni mtu mzima, sahaba, aliyetishwa mara moja kwa mzaha. Sisi tunamzungumzia mtoto wa miaka minane, kila usiku, muhula mzima.

Ibn Khaldun, aliyefariki Cairo mwaka 1406, ana sehemu katika Muqaddima kuhusu ukali kwa wanafunzi ambayo ningependa ibandikwe katika kila ofisi ya walimu. Anaeleza kwamba mtoto anayelelewa kwa kukandamizwa nafsi yake hubanwa, uchangamfu wake huondoka, na hujifunza kusema uongo na kuonyesha lisilomo moyoni ili aepuke mkono wa mkubwa, mpaka uongo unakuwa tabia yake. Halafu analipeleka jambo hilo hadi kwa mataifa yaliyotawaliwa kwa mabavu. Nikirudi kwenye filamu ya Malinga, namwona mtoto wa Ibn Khaldun pale darasani. Umemfundisha Kalabanda, sasa anakurudishia Kalabanda wako.

Lakini tusiseme kila hadithi ya kutisha ni dhambi. Babu zetu wa Kampala wakati wa Mwingereza walisimuliana habari za bazimamoto, watu wa serikali waliodaiwa kukamata watu usiku na kunyonya damu yao. Uvumi huo ulienea Afrika Mashariki yote, Mwambao wakiwaita mumiani, na mwanahistoria Luise White aliuandikia kitabu kizima mwaka 2000. Damu haikunyonywa. Hata hivyo ndani ya uvumi ule kulikuwa na kweli: watu walikuwa wakieleza jinsi ilivyo kuishi chini ya dola inayochukua bila kuuliza. Hiyo ilikuwa hadithi ya wanyonge kuhusu wenye nguvu. Kalabanda ni kinyume chake, hadithi ya mwenye nguvu kwa mnyonge ili asiinuke. Nikisikia kisa cha kutisha siku hizi, cha popobawa au cha jini wa hosteli, hujiuliza kwanza nani anapata usingizi mzuri kisa hicho kikiaminiwa.

Katika filamu za hofu ya utotoni, ninayoifikiria zaidi kwa upande wa haki ni ya Jean-Michel Kibushi wa Kongo. Mnamo Septemba 1991 wanajeshi waliokuwa hawajalipwa walianza kupora mji wa Kinshasa, na raia wakajiunga. Mwaka uliofuata Kibushi akatoa Kinshasa, septembre noir, filamu fupi iliyotumia michoro ya watoto wenyewe. Mkubwa hakuwachorea watoto hofu yao. Aliwapa karatasi, akachukua walichokiona wao. Katika fiqhi tungesema amemsikiliza shahidi. Ushahidi wa mtoto una masharti yake mahakamani, tunajua. Lakini mtoto aliyekuwa chini ya meza askari wanaingia ndiye pekee anayejua chini ya meza kulikuwaje.

Kuna pingamizi moja lililonisumbua kuliko yote, na sikulipata kwa mtu, nililipata katika kitabu. Tumefundishwa kwamba mtu akiota ndoto mbaya ajikinge kwa Mwenyezi Mungu, ateme kushotoni, wala asimsimulie yeyote, na haitamdhuru. Sasa je, si bora kumbukumbu mbaya nazo zifunikwe vivyo hivyo? Kwa nini mtu atumie miaka miwili kuchora saluni ya utotoni mwake, au nitumie kurasa hizi kulianika tena godoro lililokwisha kauka?

Nilikaa na swali hili wiki kadhaa. Nadhani tofauti ni kwamba ndoto mbaya hutoka kwa shetani na haikutokea. Kuisimulia ni kuipa uzito isiostahili. Lakini lililotokea limetokea. Na tunaye mfano wa hofu iliyotokea kweli: Mtume (s.a.w.) alishuka Hira moyo ukitetemeka, akaomba afunikwe, kisha alipotulia akamweleza Bibi Khadija (r.a.) lililotokea, na kwamba ameihofia nafsi yake. Hakuificha. Ukitazama jibu la Khadija, hakumwambia kwamba hakuna kitu. Alimtajia mambo ya kweli aliyoyajua kwake, kwamba anaunga udugu, anabeba mizigo ya wengine, anakirimu wageni, na kwa hiyo Mola hatamfedhehesha. Halafu akampeleka kwa Waraqa, mtu mwenye elimu. Hofu ya kweli ikapata msikilizaji, na msikilizaji akaitibu kwa kweli. Matroni wetu, Mungu amrehemu popote alipo, hakuwa na nafasi ya kuwa Khadija kwa watoto sitini. Lakini si lazima angekuwa Kalabanda.

Sasa nifike ninapopaogopa. Ningeandika yote haya kama mdhulumiwa tu, ningekuwa nimekudanganya.

Jumamosi na Jumapili huwa nafundisha watoto wadogo madrasa. Mwaka jana nilikuwa na mtoto wa miaka saba asiyetulia. Siku moja nimechoka, mtihani uko karibu, nikamwambia mbele ya wenzake: anayecheza Qur'ani ikisomwa, nyoka humwingia sikioni usiku. Nililitunga palepale. Akatulia kama maji ya mtungi. Nakumbuka nilifurahi.

Wiki iliyofuata alikuja na pamba masikioni, masikio yote mawili. Bibi yake, hajati mmoja mpole sana, akanivuta pembeni akaniuliza, ustadhi, nani amemwambia mjukuu wangu habari za nyoka, maana halali. Nikamjibu, hajati, watoto huokota maneno njiani. Huo ukawa uongo wa pili, na huu wa pili sikuwa na uchovu wa kuusingizia.

Ilinichukua siku nyingi kumwambia kweli. Nilimwita mtoto pembeni, nikapiga magoti nimfikie, nikamwambia hakuna nyoka, mimi ndiye niliyesema, nilikosea. Alinitazama muda mrefu. Kisha akaniuliza swali ambalo katika miaka yangu ya kusoma akida hakuna mwalimu aliyeniuliza kama hilo:

"Na yule wa Nabii Musa?"

Nyoka wa fimbo. Nilikuwa nimewafundisha wiki moja tu kabla. Kwake wote wawili walitoka kinywa kimoja, chini ya bati lile lile. Nilipotumia jina la Qur'ani kumtia hofu ya uongo, nilikuwa nimeikopa heshima ya Qur'ani, na sasa deni lilikuwa linadaiwa kwa Qur'ani yenyewe. Nilimwambia wa Nabii Musa ni kweli. Nilimwambia hata Nabii Musa mwenyewe alikimbia bila kugeuka nyuma, na Mola wake akamwita, akamwambia asiogope. Akanisikiliza kwa adabu. Pamba hakuitoa.

Imam Nawawi anataja katika Riyadhus Swalihin kwamba dhambi ikihusu haki ya mwanadamu, toba haitimii mpaka haki irudishwe kwa mwenyewe au uombe akusamehe. Usingizi wa mtoto nitaurudishaje? Na msamaha nao ni mgumu. Katika mali, fiqhi haikubali mtoto ambaye hajabaleghe amsamehe mtu deni lake, kwa sababu hajaweza kuyapima maslahi yake. Kama hawezi kunisamehe shilingi elfu tano, anawezaje kunisamehe usiku wake? Nimemwuliza mwalimu wangu wa fiqhi. Alicheka kwanza, akadhani namtania, kisha akanyamaza, akasema mtendee wema na umwombee, na ukweli umfikie bibi yake pia. Nimekwenda kwa hajati. Hilo lilikuwa gumu kuliko mtihani wowote, na alinisamehe upesi kiasi kwamba niliona haya zaidi.

Baada ya hapo nikakumbuka michoro ya Kinshasa. Jumamosi moja, baada ya darasa, niligawa karatasi na penseli za rangi, nikawaambia wachore kitu walichowahi kukiogopa. Ustadhi mwenzangu hakupendezwa, tukazungumza kidogo kuhusu taswira, tukakubaliana iwe mara moja na karatasi zisibandikwe ukutani. Wengi walichora mbwa. Mmoja alichora askari, mwingine boda boda iliyoanguka, na msichana mmoja alipaka karatasi yote rangi nyeusi akasema ni umeme umekatika.

Yule wangu alichora kitanda, na yeye amelala juu yake, macho makubwa. Nyoka hakumchora. Mlangoni alichora mtu mrefu mwenye kanzu na kofia. Nikamwuliza, huyu ni nani? Akaendelea kupaka rangi blanketi.

"Ustadhi," akasema, "si unamjua."